Medali Kwenye Meza ya Malimbuko

...na nikisimama sasa hivi, kabla hawajamaliza na jogoo, nitembee pole pole kama mtu anayeenda kufunga dirisha, nifike pale mbele, ninyooshe mkono juu ya lile boga na kuichukua medali, hakuna atakayenishika, mimi ni beki, nimeshawahi kumfikia mshambuliaji aliyeniacha mbali mpaka refa mwenyewe akashangaa, lakini hapa si uwanjani, hapa ni kanisani, na kitu kikishawekwa kwenye meza ya mavuno si chako tena, ni cha Mungu mpaka dikoni Nyamai akiuze kwa mnada, na msichana anayechukua kitu cha Mungu mbele ya waumini wote ataitwa mwizi wa sadaka, na susu, nyanya yangu, huyu aliyeketi kando yangu na fimbo yake katikati ya magoti, ataitwa nyanya wa mwizi wa sadaka, yeye ambaye hajawahi hata kuchelewa ibada... "Jogoo huyu mnamwona," dikoni Nyamai anasema, amemshika miguu na kumwinua juu, mabawa yamefunguka, "huyu ndiye huamsha kijiji chote isipokuwa watu wa kwaya," na watu wanacheka, hata watu wa kwaya wanacheka, "haya, tuanze na ngapi?" na mtu huko nyuma anasema mia tano, na mimi sicheki, mimi naangalia meza. Medali yangu iko kati ya boga na yai, utepe wake umening'inia ukingoni mwa meza, na upepo ukiingia kwa mlango unauchezesha kidogo, na nadhani wengi hapa bado hawajajua ni kitu gani, wanaona tu kitu kinachong'aa, labda wanafikiri ni kifuniko cha sufuria, labda wanafikiri ni saa ya zamani ya marehemu babu, hakuna anayefikiri kwamba ile ni medali ya mabingwa wa ligi ya wanawake ya nchi nzima na kwamba mwenyewe ameketi hapa kwenye benchi la tatu amevaa sketi ya buluu. Mwenyewe... si nimesema sasa ni ya Mungu.

Sikujua, kweli sikujua, asubuhi susu alibeba kiondo chake mgongoni kama kawaida, nikamwambia nibebe mimi, akakataa, akasema sadaka hubebwa na anayetoa, na mimi sikuuliza sadaka gani, na hilo ndilo linaloniuma, kwamba sikuuliza, kwa sababu nilijua kwetu hakuna kitu, mvua ya mwaka huu ilikuja siku chache ikaenda, ndengu zetu zilitoa maua, yakakauka yakiwa bado yananukia, hata mbuzi walipoingia shambani susu hakuwafukuza, alisema wacha wale, hao angalau wataona faida, na mimi nilidhani ndani ya kiondo kuna sukari ya dukani, au sabuni, wengine wamenunua vitu dukani ili wasije mikono mitupu, meza ya mwaka huu ni nyembamba, kama si wale wenye mashamba kando ya mto isingekuwa na kitu cha maana. Halafu wimbo ukaanza, watu wakapanga mstari na kwenda mbele wakicheza, na susu na fimbo yake na ule mguu wake, mbele yangu, anacheza kwa bega moja, akafika, akatoa leso iliyofungwa fundo, akafungua fundo kwa meno, na ndani ya leso ilikuwa medali yangu. Nilisimama pale, na aliyekuwa nyuma yangu akanigonga na debe lake la maharagwe, akasema songa mtoto, nikasonga. Tuliporudi kwa benchi nilimnong'onezea, "Susu, umeitoa wapi?" akasema, "Kwa mkebe wa maziwa, si wewe uliiweka huko," kama vile nilikuwa nimemuuliza chumvi iko wapi. Nikasema, "Susu, hiyo ni yangu." Akaniangalia. Akasema, "Najua ni yako, ningetoa ya jirani?" kisha akageukia mbele kusikiliza pasta, na tangu wakati huo hajaniangalia tena.

"Mia saba," anasema mtu, na dikoni anasema, "Mia saba ni ya mguu mmoja, na huyu ana miwili, mhesabu nyinyi wenyewe," na najua akimalizana na jogoo atachukua boga, halafu atachukua medali, ataiinua vile vile kama jogoo, kichwa chini, aseme nini, atasema na hii je, hii ni nini watu wangu, na Githaiga ataongeza bei. Githaiga yuko pale mbele, naona kisogo chake, Githaiga wa duka la hadiwea, alikuja hapa Mukuyuni kutoka Murang'a kabla mimi sijazaliwa, na kila mwaka hununua karibu kila kitu, si mtu mbaya, ni yule mtu ambaye akiona watu wamenyamaza mnadani anaona aibu kwa niaba yao, basi anaongeza. Atainunua. Ataitundika dukani kati ya makufuli na brashi za rangi, na wateja watamuuliza Githaiga wewe nawe ulikimbia mbio gani, atacheka, na haina jina langu, hiyo ndiyo shida, imeandikwa Mabingwa tu, yeyote anayeishika ni bingwa. Na juzi nilienda dukani kwake kununua msumari, nikamwambia mmoja tu, akasema, "Msumari mmoja siuzi, chukua. Unatundika nini?" Nikasema medali. "Ya kukimbia?" Ya mpira, nikamwambia, sisi ndio mabingwa wa ligi ya wanawake. Akauliza, "Wanawake wana ligi?" hakuwa ananidharau, alikuwa anauliza kweli, na nilipomwambia ndiyo, akaniongezea msumari wa pili, akasema huo wa kwanza usipopinda nimrudishie wa pili. Niliupigilia jana jioni, karibu na picha ya mama, mahali ambapo jua la asubuhi huingia kwa dirisha, nilipanga leo baada ya kanisa niitundike, nikae kitandani niiangalie... sasa kuna msumari tu, mtu akiingia atauliza huo msumari ni wa nini.

Ni bati, Gakenia alisema hivyo siku ile ile. Tulipopewa tu, bado tuko uwanjani, bado jasho halijakauka, Gakenia mshambuliaji wetu aliuma yake kama walivyofanya wale wa kwenye runinga, akaitema, akasema, "Wasichana, ni bati," na kocha Wavinya akasema, "Acha kuuma, kwani ni muwa?" na Gakenia akaiangalia tena, akasema, "Sawa, ni bati, lakini ni bati letu," na sisi tukalala pale kwenye nyasi tukicheka, na ni kweli ni nyepesi, ukiitikisa hutasikia uzito, rangi yake karibu na tundu la utepe imeanza kubanduka, lakini wenzangu niliosoma nao wanafanya mtihani mwaka huu, watapata cheti, na mimi kile nilicho nacho kinachosema kwamba mahali fulani nilianza kitu na kikaisha vizuri ni hilo bati tu. Shule sikufukuzwa, watu hudhani nilifukuzwa, au hudhani lile jambo lingine ambalo hudhaniwa msichana akiacha shule, wananiangalia tumbo. Susu alianguka. Alikuwa anapanda kutoka kwa kisima cha mchanga huko mtoni na mtungi mgongoni, mguu ukavunjika juu ya goti, na mama yangu ameolewa Mutomo kule Kitui na ana watoto wengine, mmoja alikuwa bado ananyonya, basi nikarudi nyumbani kwa wiki moja, ili nimpikie, nimgeuze kitandani, wiki ikawa muhula, na muhula uliofuata dawati langu lilikuwa na mtu mwingine. Hakuna aliyekosa. Nikitafuta wa kulaumu nabaki na kile kisima, na kisima hakisikii.

"Mia tisa," sauti ya mwanamke, nadhani ni Kathini, jirani yetu, Kathini anataka jogoo, anasema wake ameliwa na kicheche. Kathini ndiye aliyekaa na susu msimu huu wote. Kocha Wavinya aliponiona nikicheza pale uwanja wa soko, bila viatu, kwenye mashindano ya wasichana wasiosoma, alikuja mpaka nyumbani, akaketi kwenye kigoda, akanywa uji wa susu mpaka mwisho, na susu alikuwa ameanza kutembea na fimbo, na Wavinya akasema nataka nimchukue huyu, nimpeleke Malili, timu iko huko, Thwake Ladies, atalala na wenzake, atakula vizuri. Susu akamuuliza, "Kukimbiza ngozi ni kazi?" Wavinya akasema, "Kwa sasa ni njaa na mazoezi, mama, lakini inakuwa kazi." Nadhani susu alimpenda kwa kutodanganya. Mimi ndiye niliyesema, sikuambiwa na mtu, nilisema mwenyewe mbele yao wote wawili, "Susu, msimu mmoja tu. Msimu mmoja, halafu narudi kukaa na wewe." Na susu hakusema ndiyo wala hapana, alisema Kathini atakuwa akinitekea maji.

Na nilicheza huo msimu mmoja. Tulilala nyuma ya hoteli ya mama yake Gakenia pale Malili, malori ya Mombasa yakipita usiku kucha mpaka ukuta unatetemeka, na asubuhi mama yake Gakenia anatugongea mlango na sinia la viazi vya kupondwa na mahindi, anasema, "Kuleni, hakuna bingwa mwembamba," na sisi tukiwa tumefungwa mechi mbili mfululizo bado anatuita mabingwa, tulidhani anatucheka. Kocha alinipa upande wa kushoto, nyuma. Aliniambia, "Kavata, wewe ni mlango. Mlango hautoki kwenda kuangalia wageni barabarani." Na mimi naweza kukaa mlangoni, nimekaa mlangoni mwa chumba cha mgonjwa mwaka mzima nikisikiliza kama anapumua. Mechi ya mwisho sare isingetutosha, Gakenia akafunga mapema, halafu wao wakaja, wakaja, wakaja, na mwishoni kabisa kona yao ilipita juu ya kipa wetu, na mimi nilikuwa nimesimama pale pale kwenye mlingoti nilipoambiwa nisimame, mpira ukanigonga paja, ukarudi chini, nikaupiga mbali bila kuangalia, mbali kabisa, ukapita hata wale wauza maji. Hakuna aliyepiga picha hiyo. Picha zote ni za Gakenia amefungua mikono. Na sijali, kwa kweli sijali, mlango haupigwi picha, ila nilipovishwa ile medali nilisema moyoni, haya, imetimia, nilitaka kujua kama ningeweza kitu, na niliweza, sasa narudi nyumbani, nitaitundika, na nikiwa nachambua ndengu au natwanga mahindi nitainua macho nione kwamba niliweza. Wavinya alinitumia ujumbe juzi, Mazoezi ni Jumatatu, kuja na soksi zako, hajauliza kama nitaenda, ameandika tu soksi. Sijamjibu. Ningemjibu nini, niliahidi msimu mmoja na mtu hujulikana kwa ahadi yake, ndiyo maana nilihitaji ile medali iwe ukutani, mtu akibaki na kitu cha kuangalia anaweza kubaki, lakini kubaki na msumari...

"Githaiga," dikoni anasema, "huko ni kujikuna kichwa ama ni kuongeza?" na Githaiga, mkono wake ukiwa bado kichwani, anasema, "Ni kujikuna, dikoni, lakini weka elfu," na kanisa lote linacheka, na Kathini anasema kwa sauti, "Githaiga, wewe kuku utamwuza na misumari?" na wanacheka tena, na hata susu anacheka, nahisi benchi linatikisika. Anacheka. Amenitolea medali yangu na anacheka... labda hakujua ni nini, labda nisimhukumu, ni mzee, labda alidhani ni pambo tu. Lakini siku ile niliporudi nilimwekea mkononi, tulikuwa jikoni, alikuwa ana ungo wa mbegu mapajani, zile ndengu kidogo za mwaka jana alizoficha za kupanda, na aliipima medali kwa kiganja, juu chini, juu chini, kama anavyopima mbegu, akainusa, akapitisha kidole gumba kwenye maandishi. Akauliza, "Hii ndiyo ya kwanza?" Niliona ni swali la ajabu, nikafikiri amesahau kwamba sijawahi kushinda kitu, nikamjibu, "Ndiyo ya kwanza, susu, na ndiyo ya mwisho, si nilikuahidi msimu mmoja." Alinirudishia, akaendelea kuchambua mbegu, zile zenye matundu upande huu, nzima upande huu, na mimi nikaenda kuiweka kwa mkebe na kutafuta mahali pa msumari, nikifurahi kwamba nimetimiza neno langu, na yeye alikuwa ameuliza kama ni ya kwanza.

Ya kwanza... Kila msimu mzuri, maganda ya ndengu yakianza tu kuwa meusi, kabla hatujachuma zetu, kabla hatujapika hata sufuria moja, susu huingia shambani peke yake na kuchuma yale yaliyotangulia, kiganja kimoja, viwili, anayafunga kwa leso fundo moja, na hayo hayaguswi, ni ya kanisa. Nilipokuwa mdogo kulikuwa na mwaka wa njaa, nililia, ndengu ziko pale kwenye leso na mimi nina njaa, nikamwambia Mungu hana tumbo, na susu hakunipiga, alinikalisha karibu na ile leso akaniambia, "Ukila za kwanza, shamba litafikiri umemaliza." Nikamwuliza shamba linafikirije. Akasema shamba ni kama mpishi, likiona umeketi na kuanza kula litaacha kukupakulia, lakini likiona umetoa za kwanza na bado umesimama na kiondo, litajua unangoja zingine. Sikuelewa, niliendelea kulia. Na sasa naangalia ule utepe unavyocheza na nafikiria ule msumari, nafikiria mimi nimeketi kitandani chini ya ule msumari nikiangalia bati langu, mwaka huu, mwaka ujao, mpaka rangi yote ibanduke, nikisema niliweza, niliweza, na leso ni ile ile, naiona, ameiweka magotini na kuikunja, leso ya ndengu ndiyo aliyofungia, fundo lile lile la meno. Hakukosea. Hakuwa anatafuta kitu chochote kilichong'aa ili asije mikono mitupu. Alikuwa amepita shambani mwake akaona hakuna kitu, akaingia ndani, akafungua mkebe wa maziwa na kuona kwamba nyumba yetu imevuna, na alikuwa ameniuliza kwanza, aliuliza vizuri kabisa, hii ndiyo ya kwanza, nami nikamjibu ndiyo, na ile nyingine niliyoongeza, ya mwisho, hakuisikia, au aliisikia na ndiyo sababu... mtu aliyemaliza kuvuna hatoi malimbuko. Aliyemaliza anatundika ukutani. Na yeye anaijua Jumatatu, lazima anajua, jana nilikuta soksi zangu zimeanikwa kwenye ua, nikadhani ni Kathini.

"Elfu moja kwa mara ya kwanza," dikoni Nyamai anasema, na jogoo amechoka, anaangalia watu kwa jicho moja, na Kathini anamnong'onezea mtu amsaidie kuongeza. Huenda Githaiga akainunua na kunirudishia, hufanya hivyo wakati mwingine, mwaka jana kuna yai lililonunuliwa na kurudishwa mezani, likanunuliwa tena na kurudishwa, mpaka dikoni akasema yai hili ndilo limemaliza kujenga choo cha Sunday School, na hakuna aliyelila, lakini sitaki kungoja hilo, mtu anayetoa huku akichungulia kama kitarudi hajatoa bado. Nitasimama. Si sasa, sitaenda kuichukua, nitasimama dikoni akiiinua na kuuliza hii ni nini watu wangu, kwa sababu atauliza, na hapo susu hatajua kueleza kwa maneno ya mpira, na mimi ninayo. Nitasema hiyo ni medali ya mabingwa wa ligi ya wanawake, ligi ya nchi nzima, ndiyo, wanawake wana ligi, Thwake Ladies ya Malili, nilikuwa beki wa kushoto, na imetoka kwa shamba la susu wangu, na muipandishe bei vizuri kwa sababu ni ya kwanza. Kathini nitamwomba mwenyewe, si kupitia kwa susu, nitamwambia kama hukupata jogoo leo nitakutafutia mwingine, mtekee susu maji msimu mwingine, na tukifika nyumbani ule msumari tutatundikia kiondo, kimekuwa kikining'inia mlangoni muda mrefu na kutuzuia kupita... "Elfu moja," dikoni anasema, "nasema tena kwa mara ya kwanza kwa sababu naona kuna watu bado wanaomba," na jogoo yuko juu, na medali iko kati ya boga na yai, bado haijaguswa, na susu, bila kunigeukia, akiwa amekaza macho mbele, ananigusa mbavu kwa kichwa cha fimbo yake, "Kavata," anasema, "kaa wima," na mimi naketi wima, naivuta miguu yangu chini ya benchi, naiweka sawasawa sakafuni, jinsi ninavyoiweka nikingoja kona.